Siku ya Arobaini na Tisa

Kila Jumanne Kuwabara Nagisa alifika shule ya msingi ya Okunosawa, akavua mabuti yenye theluji, akavaa viatu vya ndani na kwenda kuwasaidia walimu kutumia vishikwambi. Mwalimu Isogai wa darasa la tatu ndiye aliyemchukulia muda mrefu kuliko wote. Alibakiza miaka miwili kustaafu, na tangu ujana wake wanafunzi walimwandikia shajara kwenye madaftari, naye akawajibu kwa wino mwekundu. Nagisa alimwomba ahamishie shajara hizo kwenye kishikwambi. Daftari hulowa, alimwambia, tena hupotea.

"Na hicho kioo chako hakipotezi?"

"Hakipotezi, Mwalimu."

"Haya, Bi Kioo. Nikiumbuka, nitakuja kulia kwako."

Alikubali, ila kwa namna yake. Kila jibu aliliandika kwanza kwa kalamu nyekundu katika daftari lake, akalisoma, akalirekebisha, ndipo akalichapa kwa kidole kimoja. Nagisa alimtania kuwa anapika wali uleule mara mbili.

Mwezi wa Januari msichana aliyeitwa Chihaya, aliyeketi karibu na jiko la mafuta, alilazwa kwa homa ya mapafu. Hakurudi. Wenzake kumi waliweka ua juu ya dawati lake, na ofisi ikaliondoa jina lake kwenye rejista wiki hiyohiyo, kama utaratibu unavyotaka. Mama yake alipokuja kuchukua viatu vya mtoto, alimuuliza Mwalimu Isogai kwa sauti ndogo kama angeweza kupewa shajara. Angependa kuiweka mbele ya picha ya Chihaya siku ya arobaini na tisa tangu kifo, watakapoondoa matanga.

Mwalimu alimweleza Nagisa ombi hilo. Wote wawili waliona si adabu kuanza kupekua maneno ya marehemu huku msiba ukiwa bado mbichi. Wangeyachapisha siku hiyo ikikaribia.

Jumanne ya mwisho kabla ya siku yenyewe, Mwalimu alikuja amevaa tai. Nagisa alifungua orodha ya darasa. Majina yalikuwa kumi. Alitafuta tena, kwa herufi moja moja. Kisha akapiga simu ofisi ya elimu ya mji, na karani akamwomba radhi mara nyingi: jina likitolewa kwenye rejista, akaunti hufutwa pamoja na vyote vilivyomo baada ya siku thelathini. Radhi ilikuwa ya dhati, lakini haikusaidia kitu.

"Thelathini," alisema Mwalimu.

"Ndiyo, Mwalimu."

"Nasi tulikuwa tunahesabu arobaini na tisa."

Nagisa aliinama hadi paji la uso likakaribia meza. Alisema kosa ni lake. Sharti hilo limo katika mwongozo aliowagawia walimu yeye mwenyewe, ukurasa wa tisa. Mwalimu alivuta droo, akatoa nakala yake na kuifungua hapo. Chini ya maneno hayo palikuwa na mstari mwekundu, ulionyooka kwa rula.

"Niliusoma," alisema. "Inuka, binti."

Katika droo hiyohiyo lilikuwamo daftari la majibu. Mchana wote Nagisa alinakili yale aliyoandikiwa Chihaya, pamoja na tarehe zake, bila kuruka hata moja. *Umefanya vizuri kutomwambia bibi. Nami ningenyamaza. Mara tatu! Na paka akafanya nini baadaye? Usijali, ukirudi tutaupanda pamoja.* Alipomuuliza Mwalimu ni kitu gani wangepanda, Mwalimu alisema majibu yalikuwa mengi, watoto ni kumi na mmoja, hakumbuki.

Waliyapeleka wenyewe. Mama yake Chihaya aliwakaribisha chai, akasikiliza maelezo yote bila kuwalaumu, akasoma karatasi mbele yao, polepole, hadi mwisho. Kisha akarudi ukurasa wa pili na kuweka kidole kwenye mstari mmoja.

"Paka gani?" aliuliza. "Sisi hatujawahi kufuga paka."

Mwalimu Isogai aliusoma mstari huo, akasema habari za paka aliziandika Chihaya, na maneno yake ndiyo yaliyofutwa.