Irabu Zisizo na Mwenyewe

Pale Battambang, nchini Kambodia, Chanthou alisifika kwa kupiga chapa haraka, na sifa hizo alizijua. Kwa miaka mitano wifi yake Malis, mke wa kaka yake na mwalimu wa kompyuta, alimsihi aachane na fonti za zamani ahamie Yunikodi, mfumo mpya ambao katika Kikhmer, lugha yao, hutaka konsonanti ichapwe kwanza hata pale irabu inapoandikwa kabla yake. Chanthou alimcheka tu.

"Jicho linaona irabu imetangulia, wewe unaniambia nianze na konsonanti. Huko kwenu mnavaa viatu kabla ya soksi?"

Asubuhi moja Malis alikuwa amepitia kwenye duka la uchapaji la Chanthou kuleta supu, mtawa Sokhon wa pagoda ya jirani, hekalu la Wabudha, akaingia na flashi.

"Mama, ile historia ya pagoda uliyotuchapia mwaka tisini na nane, kompyuta yetu mpya inaifungua hivi."

Ukurasa mzima ulikuwa herufi za kizungu na mabano. Neno la Kikhmer hata moja halikuwemo.

"Labda pagoda imeanza kusali Kifaransa," Malis akasema.

Akawaeleza kwamba fonti ya zamani ilikuwa vazi tu: ndani ni herufi za kizungu, nje zimevishwa Kikhmer, na mashine mpya haina vazi hilo. Akakipitisha kitabu kwenye programu ya kubadilisha. Kikhmer kikarudi, lakini kila mahali pametapakaa viduara vya nukta.

"Programu yako imepata tetekuwanga," Chanthou akasema.

"Hapana, wifi. Hizo ni irabu zilizokosa konsonanti ya kuzibeba. Uligonga irabu ileile mara mbili, ya pili ikalala juu ya ya kwanza, fonti yako ikakusitiri."

"Ziko ngapi?"

"Mia nne na kumi na mbili."

Mtawa akatazama dari, midomo ameibana asicheke.

Malis alijitolea kusaidia. "Uchafu wangu nitausafisha mwenyewe," Chanthou akamjibu, akakaa kitako siku tatu. Vidole vilikimbilia irabu kwanza, kiduara kikatokea, akasonya, akafuta, akaanza upya.

Alipomaliza, Malis akamwonyesha kisanduku cha kutafutia. "Andika jina lolote."

Chanthou aliandika polepole jina la marehemu baba yake. Mashine ikaruka hadi ukurasa wa sitini na moja: alikuwemo kwenye orodha ya mafundi sita waliojenga lango la pagoda. Alilichapa yeye mwenyewe jina lile, mbiombio, bila kuliona.

Akawasha printa.

"Nakala mbili," akasema. "Moja mpelekee mumeo. Ni baba yake pia."