Mwisho Ulikuwa Mmoja Tu

Nimehariri filamu za watu wengine tangu mwanangu wa kwanza yuko tumboni. Waongozaji wa Hong Kong waliniletea marundo ya picha zilizopigwa kutoka kila upande, nami nikayachambua mpaka yakaeleweka. Mtayarishaji Tong alipokubali hatimaye niongoze filamu yangu, kuhusu muuza samaki aliyekosana na mwanawe, alitia sharti moja: mwisho wa filamu atauchagua yeye.

Nikatia saini. Siku ya kwanza tulichoma ubani, tukamkata nguruwe wa kuchoma kama ilivyo ada ya kuiombea filamu baraka, kisha nikaanza kazi kwa ubahili. Nilipiga picha zile tu nitakazotumia.

"Dada Fong, upande wa pili hupigi?" mpiga kamera akauliza.

"Wa nini? Nikauweke kwenye friji?"

Tulipomaliza, Tong akaja chumba cha uhariri na Ngai, mhariri niliyemfundisha kazi mwenyewe. Filamu yangu iliishia mama na mwana wakiparua magamba ya samaki, kila mmoja upande wake wa meza, kimya.

"Wakumbatiane," Tong akasema. "Watu walie."

Ngai akapekua vipande vyote. "Bosi, hawajakumbatiana popote. Ukitoa hiki cha samaki, filamu inabaki haina mwisho."

"Haiwezekani! Kila mwongozaji ana akiba ya picha!"

"Wana akiba kwa sababu hawajui watakata wapi," nikamjibu. "Mimi najua."

"Umenifunga mikono, mwanamke wewe!"

"Mkataba unasema uchague mwisho. Haya, chagua. Upo mmoja."

Ngai akapaliwa na chai yake. Mabango yalishabandikwa mjini, waigizaji walishatawanyika; kupiga upya hakukuwezekana. Tong akatoka akibamiza mlango.

Watazamaji wa Mong Kok, mtaa tulikoionyesha filamu mara ya kwanza, hawana adabu. Filamu mbaya huitukana kwa sauti, pamoja na mama wa aliyeiongoza. Nilikaa karibu na mlango, tayari kukimbia. Ikafika ile meza ya samaki. Ghafla mzee mmoja akafoka: "Msaidie, mpumbavu wewe! Ni mama yako huyo!"

Kwenye skrini, kijana akaisogeza ndoo ya samaki karibu na mama yake. Filamu ikaisha. Ukumbi mzima ukasimama kwa makofi, wengine wakicheka na machozi yakiwatoka.

Tong alinifuata akifuta macho kwa tai.

"Ya pili tunaanza lini, Dada Fong?"

"Ukishafuta lile sharti."

"Nimelifuta!"

"Lifute kwenye karatasi," nikamwambia, nikaenda mbele kusimama na waigizaji wangu.