Upande wa Pili wa Meza

Asubuhi ya harusi ukumbi ulikuwa mtupu, unanuka sabuni ya sakafu, na katikati yake alisimama bibi mmoja, kanga kaifunga kiunoni, anagawa kazi. Ukoo mzima ulimwita Meneja. Cheo hicho hakupewa na mtu. Alijitwalia mwenyewe zamani, siku mapambo yalipomwangukia bwana harusi kichwani, na tangu hapo hakuna harusi ya ukoo iliyopangwa bila yeye.

Utaratibu wake ulikuwa huu: watu wawili wawili. Meza ndefu inataka watu wawili, kitambaa cha meza nacho hakikunjiki na mtu mmoja, na ukimwacha mtu peke yake utamkuta pembeni anachezea simu.

"Wewe na dada yako, viti. Nyie wawili, vitambaa, na ole wenu mvikanyage. Mjomba Kelele na mkeo, mapambo ya jukwaani. Kwenye ngazi apande mkeo, wewe shika tu."

"Mama, kwani mimi nina kizunguzungu?" akalalamika Mjomba Kelele, mwanawe wa mwisho.

"Kizunguzungu huna. Una kilo."

Watu wakavunjika mbavu. "Na meza za chakula," akaendelea Meneja, "mimi na Kiduchu."

Kicheko kikakatika. Mjomba Kelele akamtazama, kisha akashika tumbo. "Mama! Kiduchu si ndiye bibi harusi? Abebe meza na shela?"

"Uzee huu, jamani!" Meneja naye akacheka, akajipiga paja. Lakini kitu kilimchoma ndani. Hakuwa amesahau harusi ni ya nani. Ni mdomo tu uliozoea. Kiduchu alikuwa mjukuu wake, aliyemlea tangu mama yake afariki, mtoto hata meno hajaota. Alipopata nguvu ya kunyanyua kitu, upande wa pili wa meza ukawa wake. Walibeba huku wanategeana vitendawili.

"Kitendawili!"

"Tega!"

"Nina watoto mia, wote wanakaliwa na hakuna anayelia."

"Viti, Bibi! Kila harusi unanitegea hichohicho!"

"Na kila harusi unajibu kama umekigundua leo."

Sasa Kiduchu alikuwa saluni, na jioni angepanda gari kwenda kuishi mji wa mbali, mji wa mama mkwe wake. Meneja hakuwa na ombi kubwa. Alitaka, kabla gari halijaondoka, wakae wawili tu nyuma ya ukumbi, pasipo mpiga picha wala vigelegele, amshike mkono na kumwambia neno. Neno gani, mwenyewe hakujua. Alitumaini likifika kooni litajitambulisha. Alimpigia simu hukohuko saluni, na Kiduchu akasema, "Nitakuja huko nyuma, Bibi. Siondoki bila kukuaga."

Walipotaka kumpa msaidizi mwingine, Meneja alikataa. "Acheni, nitajipanga mwenyewe."

Harusi ikaenda vizuri. Meneja aliiona vipande vipande, kupitia mlango wa jikoni. Kila alipochungulia, macho yake yaliangukia kwa mama wa bwana harusi: gauni la bluu, viatu vya kisigino kirefu, kakaa mbele kabisa, anamrekebishia Kiduchu shela kama aliyemzaa yeye. Huyo ndiye anayenichukulia mtoto wangu, Meneja akawaza, akarudi kusugua sufuria ambayo tayari ilikuwa safi.

Jioni wageni walipoanza kutoka, alitaka kupanga mambo mapema ili Kiduchu akija amkute hana kazi. Ilibaki meza ya keki kurudishwa stoo. Hakumwita mtu. Akaivuta peke yake, yeye mbele kinyumenyume, meza nyuma, mpaka akaingia stoo. Mlangoni meza ikakwama, miguu imeng'ang'ania kuta, na yeye yuko ndani.

Akavuta, akasukuma. Simu alikuwa ameiacha jikoni. Akapiga kelele, lakini muziki ulimmeza. Kisha akasikia honi, na vigelegele, na honi tena, inazidi kwenda mbali. Akakaa juu ya kreti la soda. Hakulia. Alikaza macho kwenye meza.

Baada ya muda mrefu viatu vikalia kwenye kigae. "Nani huko?"

"Ni mimi. Bibi yake."

"Kumbe!" Alikuwa mama wa bwana harusi. "Umetafutwa jikoni, uani, mpaka chooni! Mtoto kalia hadi wanja umemshuka. Dereva ndiye aliyesema giza litawakuta njiani." Akavua viatu, akakunja mikono ya gauni, akashika meza. "Nisukume?"

"Usisukume. Ilaze ubavu. Hivyo. Miguu itangulie."

Meza ikapita. Mwanamke wa bluu akaingia, akashusha pumzi.

"Basi umempata," Meneja akasema, sauti kavu. "Asubuhi usimsemeshe mpaka anywe chai. Miguu yake hupata baridi hata wakati wa joto, alale na soksi."

Mwenzake akatikisa kichwa. "Mkwe wangu, hayo unamwambia nani? Wamepanga nyumba upande mwingine wa mji. Mwanangu kaniambia nikitaka kwenda, nipige simu kwanza. Mimi! Niliyemfuta kamasi!"

"Sasa mbona hukuondoka nao?"

"Gari limejaa maua na masanduku. Mimi nitapanda basi kesho."

Meneja akamtazama vizuri kwa mara ya kwanza. Kutwa nzima alimwona mshindi. Sasa aliona mama wa watu, vidole vya miguu vimevimba, hajui aende wapi.

Akamsogezea kreti. "Na wa kwako? Anatunzwaje?"

"Akinyamaza, usimuulize. Mpe kitu kibovu atengeneze. Pasi, redio, chochote. Mwenyewe ataanza kusema."

"Nimesikia."

Wakakaa hivyo, kila mmoja anamkabidhi mwenzake mtoto ambaye hakuna kati yao aliyekuwa naye. Mkwe akatoa simu kwenye mkoba. "Tuwapigie?"

"Piga!" Neno lilikuwa limeshafika kooni.

Simu ikasema namba haipatikani. Wakajaribu tena. Ikasema vilevile, kwa adabu ileile. Kutoka ukumbini Mjomba Kelele alisikika akiuliza mifagio iko wapi, na kwa mara ya kwanza Meneja hakumjibu.

"Kwako kuna mahali pa kulala mtu?" akauliza.

"Kuna chumba cha mwanangu. Kitanda sijakitandua. Sijapata moyo."

"Usikitandue." Meneja akafungua kanga kiunoni, akajifunga upya, safari hii kwa kukaza. "Hilo basi la kesho linaondoka saa ngapi?"