Maneno ya Chumbani

Mtaani walimwita Mzee Filamu, nusu heshima, nusu utani. Alikuwa ameongoza filamu moja tu maishani mwake, kisha akarudi kwenye studio yake kupiga picha za vitambulisho. Mkewe, fundi cherehani, hakuwahi kuiona filamu hiyo. Ilipotoka alikuwa bado anamwomboleza mtoto wao wa kwanza, aliyefariki hajaota hata jino. Baadaye nakala zikapotea, na mambo yakaishia hapo.

Sasa nakala moja ilikuwa imepatikana, na chuo kimoja kikaalika watu waje kuitazama. Fundi alivaa gauni aliloshona mwenyewe, akaketi kati ya mumewe na binti yao. Alicheka pamoja na ukumbi mzima pale bwana harusi alipochanikiwa na suruali ya kuazima. Kisha mwigizaji aliyecheza mama akaingia chumbani, akafunga mlango, akapiga magoti mbele ya beseni la nguo za mtoto.

"Nguo zako zote nimezifua, mwanangu," akasema. "Sasa nimvalishe nani?"

Fundi aliyatambua. Maneno yale yalikuwa yake. Aliyasema siku ya maziko, akiwa peke yake, mumewe, kwa alivyojua yeye, ametoka kusindikiza wageni. Hakupata kumwambia mtu, hata mama yake mzazi. Mwigizaji akaendelea, neno kwa neno, mpaka kile kijina cha kumbembelezea mtoto.

Watu walikuwa wakivuta makamasi gizani. Binti akanong'ona, "Mama, baba aliyatoa wapi haya?"

Filamu ilipokwisha ukumbi ulisimama kupiga makofi, Fundi akabaki kitini, anamtazama mumewe kama mgeni aliyekosea nyumba.

"Ulikuwa mlangoni," akasema.

"Nilikuwa mlangoni."

"Muda wote?"

"Mpaka uliponyamaza."

"Mbona hukuingia?"

Mzee Filamu aliinamisha kichwa. "Nilishika kitasa, mama watoto. Mkono ukakataa. Na kila nilipojaribu kutengeneza filamu nyingine, nilijikuta nimesimama palepale."

"Umewapa watu wote wayasikie. Mimi hukunipa hata pole."

Wenyeji walikuwa wakimwita mzee jukwaani. Akaenda, na aliporudi viti viwili vilikuwa vitupu. Mkewe alikwenda kulala kwa binti yao, akakaa huko siku kadhaa, hataki kuulizwa kitu.

Alipotoka huko hakupitia nyumbani. Alikwenda moja kwa moja studio. Mumewe alikuwa akifuta lenzi.

"Kilio changu unakijua," akamwambia. "Wewe ulilia wapi?"

Mzee aliweka lenzi chini. "Hapa, kwenye chumba cha kusafishia picha. Mtu akigonga, nasema nasafisha picha, asifungue, mwanga utaziharibu."

Fundi akavuta kigoda cha wateja, akaketi. Hasira ilikuwa bado haijamtoka.

"Haya," akasema. "Nieleze."