Mstari wa Baba Rozalia

Mume wangu Obeid analima mstari ulionyooka kuliko mwanamume yeyote hapa Ubaruku. Mdomo wake sasa, huo ni habari nyingine.

Niliposikia kwa watu kwamba ameahidi kumpa mdogo wake Fanueli shamba letu la mpunga, nilimuuliza wakati wa chakula. Akasema mvua mwaka huu zimechelewa. Nikarudia. Akasema maksai mmoja anachechemea. Shamba lile tulilifyeka wote wawili, mimi nikiwa na mimba ya Rozalia, na ndilo linalomsomesha. Nilikasirika, nikaisukuma kando sahani yangu ya wali.

Rozalia, aliyerudi likizo kutoka shuleni Tosamaganga, akacheka. Alisema Kiingereza kina kitenzi cha tabia hiyo, prevaricate: kuzungukazunguka ili usijibu swali. Padri mmoja mzee alimweleza kwamba kimetoka Kilatini. Warumi wa kale walilitumia neno hilo kwa mkulima anayepindisha mstari wa plau. Baadaye wakalitumia kwa wakili anayejifanya kukutetea, kumbe yuko upande wa adui yako.

Hapo kwenye wakili ndipo paliponichoma. Kwenye vikao vya ukoo, msemaji wangu ni huyohuyo Obeid.

Asubuhi nilimkuta ameshaanza kulima. Nikaenda kusimama mwisho wa shamba, palepale alipoelekeza macho. Maksai wakaja. Nikamuuliza kwa sauti ya kusikika hadi kwa majirani, "Baba Rozalia, shamba hili umempa Fanueli, hujampa?"

Alinitazama, akatazama pembeni, na plau ikafuata macho yake. Ikapinda. Majirani wakaacha kazi zao. Obeid akageuka, akauona ule mstari, akasimamisha maksai.

"Nilimwahidi," alisema polepole. "Niliona aibu kumnyima, nikaona aibu kukuambia."

Nilimwonea huruma, sikatai. Lakini huruma haishibishi mtu.

"Ahadi ulitoa peke yako," nikamwambia. "Shamba tulifyeka wawili. Leo jioni tunakwenda kwa Fanueli, na utamwambia mwenyewe, mimi nikisikia."

Tulikwenda. Fanueli alitupatia viti, akauliza habari za nyumbani. Obeid alianza na mvua. Nikakohoa. Akaiacha mvua, akainua uso.

"Mdogo wangu, shamba sikupi. Halikuwa langu peke yangu la kukuahidi."

Fanueli hakutusindikiza hata mlangoni. Njia nzima Obeid alitembea kama mtu aliyefiwa, nami nilitembea kando yake bila kumwomba radhi.