Kiwembe, Timu Nzima

Jumamosi ile, saa tatu na nusu asubuhi, mdogo wake Kiwembe alikuwa ameketi kwenye meza ya alama kando ya uwanja wa softiboli, akichonga penseli kwa kisu na kuwangoja wachezaji. Timu ya wanawake ilihitaji tisa. Wapinzani walikuwa wameshafika na kupasha misuli, mmoja wao anamenya chungwa. Upande wa pili alikuwepo Kiwembe peke yake, anafunga kamba za viatu.

Habari za wenzake zilikuja vipande vipande. Wawili walikuwa zamu kiwandani. Mmoja mtoto wake alikuwa na homa. Mwingine mama mkwe aliingia bila taarifa. Mwingine mumewe alificha viatu vya kuchezea, na alipoulizwa viko wapi akajibu kwamba hata yeye anavitafuta. Waliobaki hawakutuma neno, na kwa kawaida hiyo ilimaanisha wanafua.

Mwamuzi, ambaye siku za kazi alikuwa mwalimu wa hesabu, alitazama saa yake. "Dakika kumi na tano," alisema. "Zikiisha, nawapa wenzenu ushindi."

"Usijisumbue, Mwalimu," alisema Kiwembe.

Akavaa kinyago cha mdakaji, akachuchumaa. Pia akaenda katikati kurusha mpira. Pia akasimama kituo cha kwanza, cha pili, cha tatu, na katika lile pengo la kati ya cha pili na cha tatu, kisha akatawanyika kule nyuma, kushoto, katikati na kulia. Mdogo wake aliwahesabu kwa ncha ya penseli, akaandika jina moja mara tisa.

Nahodha wa wapinzani alilalamika. Mwamuzi akafungua kitabu cha sheria, akapitisha kidole kurasa tatu nzima.

"Kumi ndio wamekatazwa," alisema. "Tisa ni halali, wawe wametoka nyumba tisa au nyumba moja. Chezeni."

Walishinda sita kwa mbili. Ingekuwa sita kwa bila, ila mpira mmoja ulianguka katikati ya wa kushoto na wa kati, na kila mmoja akamwachia mwenzake.

"Ulikuwa wako ule."

"Wangu kivipi, na wewe ndiye uliyekuwa karibu?"

Mdogo wake hakuinua hata macho. Ndivyo dada yake alivyokuwa akigombana na nafsi yake jikoni kila siku.

Baada ya mechi waliingia tisa kwenye chumba cha kubadilishia nguo, akatoka mmoja, begi begani. Nyumbani mdogo wake alimwekea maji ya moto kwenye beseni.

"Leo kaumia nani?"

"Wa kituo cha pili. Kateguka kifundo."

"Basi lete mguu wake."

"Ni huu huu," alisema Kiwembe, akauingiza majini. "Na wa kulia nyuma ananuna. Mechi nzima hakuguswa na mpira."

Jumatatu Kiwembe alikwenda kwa katibu wa chama cha mchezo kuomba jambo moja: kamati izungumze na waajiri na waume, wale wenzake wanane wapate Jumamosi zao. Katibu alikuwa mtu mpole, mwenye kalamu tatu mfukoni na zote zikiandika. Alimkaribisha kiti.

"Timu si ipo?" aliuliza.

"Timu ni mimi, Katibu."

"Naam, na inashinda. Tena inapanda basi kwa kiti kimoja." Akamwambia kwa furaha kwamba zile jezi nane zilizobaki zimeshapewa wavulana wa besiboli, ambao za kwao zilikuwa zimechakaa magotini.

Kwa hiyo wale wanane walipopata nafasi, wawili wiki hii, watatu wiki ile, walikuta hawana cha kuvaa, wakasimama pembeni kushangilia, kisha wakarudi kwenye nguo zao za kufua. Kiwembe alicheza hivyo misimu kumi na miwili. Alichukua kombe mara saba. Katika picha za ubingwa anaonekana mmoja, kwa sababu mpiga picha alisema tisa hawaenei.

Alipofikisha miaka thelathini na minane, magoti ya mdakaji yaligoma, na yakigoma yale, yaligoma yote. Kamati ikamwita awe kocha msaidizi wa besiboli. Kocha mkuu alikuwa bwana mmoja aliyewahi kucheza nafasi moja tu maisha yake yote, nayo ni benchi. Barua ilimtaka msaidizi afundishe urushaji na udakaji, achore mistari ya chokaa, afue jezi, awafunge bendeji walioumia, na aendeshe gari la timu.

"Kazi hizi ni za watu watano," alisema mdogo wake, aliyekuwa fundi cherehani na msomaji makini wa barua.

"Wamenihesabu, mdogo wangu," alisema Kiwembe. "Hawakukosea."

Alikubali kwa sharti moja. Apewe timu ya wasichana, tisa, kila mmoja na uso wake. Katibu aliandika sharti hilo kwa kalamu zote tatu, kisha akaongeza la kwake: wakimaliza msimu mzima bila kukosa mechi hata moja, chama kitawasajili na kuwapa jezi. Wakikosa moja, shughuli imekwisha.

Mdogo wake akashona jezi za muda kwa kitambaa cha mapazia. Wasichana wakaja tisa: mabinti wa waoka mikate, wa dereva, wa muuza vipuri, na pacha mmoja ambaye mwenzake hakupenda michezo. Kiwembe aliwafundisha kila alichokijua isipokuwa kile kimoja.

"Wewe ni mmoja," alimwambia kila msichana siku ya kwanza. "Mpira ukija, piga kelele 'Wangu!' Usipoita, mwenzako ataita. Ndiyo maana ya kuwa na wenzio."

Hawakukosa zoezi hata siku moja. Mvua ikinyesha wapo, sikukuu wapo. Kiwembe alijivuna mbele ya mdogo wake kwamba dunia imebadilika, wazazi wa siku hizi wanaelewa. Mdogo wake, ambaye aliwashonea baadhi ya wazazi hao na kuwasikia wakizungumza wakati wa kupimwa, alisema lingekuwa jambo jema.

Mechi ya mwisho ya msimu walifika wanane. Binti wa muuza vipuri hakuonekana. Mama yake alikuwa amejifungua usiku uliopita, na bakuli za uji hazijioshi.

Mwamuzi, ambaye sasa alikuwa mwalimu wa hesabu mstaafu, alitazama saa ile ile. "Dakika kumi na tano, Kocha. Unazijua."

Kiwembe alikuwa kocha, jina lake halikuwa kwenye orodha ya wachezaji. Mdogo wake aliushika ukingo wa meza. Aliona dada yake akiwatazama wasichana, akikitazama kibanda walimokaa katibu na kocha mkuu, kisha akikitazama kituo cha tatu, kilichokuwa kitupu.

Msichana wa kituo cha pili, mfupi kuliko wote, aliinua mkono kama yuko darasani.

"Kocha, nikamwite yule wangu mwingine?"

"Mwingine yupi?"

"Wa nyumbani. Anapika. Lakini maharage yameshawekwa jikoni, hayaungui mapema."

Binti wa dereva akasema wa kwake yuko sokoni, angechelewa. Mrushaji akasema wa kwake amebeba mtoto wa dada yake, hawezi kumweka chini, analia. Mmoja baada ya mwingine wakataja walipowaacha: kwenye foleni ya maji, kwenye pasi, kwa bibi mgonjwa. Yule pacha alisema huyo aliyedhaniwa kuwa mwenzake asiyependa michezo si mtu mwingine. Hakuwahi kuwa na pacha. Ni yeye tu.

"Na huyu aliyekosa leo?" aliuliza Kiwembe.

"Yeye bado hajajua, Kocha. Ni mdogo."

"Nani aliyewafundisha?"

Walitazamana, kwa sababu swali lilikuwa rahisi.

"Mama," walisema.

Basi yule mwingine wa msichana wa kituo cha pili akaja, mikono ingali na unga, akapewa jezi ya pazia, akasimama kituo cha tatu. Mwamuzi alihesabu hadi tisa, akafunga kitabu bila kukisoma. Walishinda nne kwa tatu. Mpira wa mwisho ulipaa juu kati ya wawili wa msichana yule yule, na mmoja akaita "Wangu!" kwa sauti iliyofika barabarani, mwenzake akampisha.

Katibu alishuka kutoka kibandani, akawapa mikono wote. Alisema kamati imefurahi na timu itasajiliwa leo leo. Kuhusu jezi, alisema, alichokiona kimempa wazo: ikiwa mmoja aweza kuwa wawili, tano zingetosha, na zile nne wangepewa wavulana. Kocha mkuu akatikisa kichwa kukubali. Mdogo wake Kiwembe akaandika matokeo.

Wasichana walipokuwa wakikusanya vifaa, Kiwembe aliwaita wakae kwenye nyasi.

"Mmoja anacheza," alisema. "Mmoja yuko nyumbani. Na yupi kati yenu hupumzika?"

Walilifikiria kwa uaminifu. Mrushaji alikuna shingo.

"Huyo hatujamjaribu, Kocha."

Saa kumi jioni Kiwembe mmoja alikuwa akiwarudisha wavulana kwa gari la timu. Mwingine alikuwa nyuma ya nyumba, akifua jezi zao kwenye beseni mbili. Mdogo wake alitoka na kiti, akakiweka kizingitini, akamwita dada yake wa tatu. Alikuja. Aliketi, akanyoosha miguu, akaweka mikono mapajani asijue pengine pa kuiweka.

"Unajisikiaje, dada?"

"Vizuri," alisema. Alisikiliza maji yakimwagwa nyuma ya nyumba. "Jezi ni nyingi zile."

Akakaa kidogo zaidi. Kisha akainuka kwenda kumsaidia mwenzake.