Supu ya Paa

La, hakuwa mtu wa kweli yule aliyening'inia. Waliopita na tramu asubuhi ile walidhani kama wewe, mama mmoja hata akapigia polisi, lakini lilikuwa gunia la nyasi limevalishwa koti kuukuu. Mafundi wa Helsinki ndivyo walivyo. Paa likishasimama, mwenye nyumba awalishe supu ya paa waliolisimamisha. Akiwanyima wanatengeneza mfano wake wa nyasi, wanamtundika juu kabisa, mji mzima uone ubahili wake. Na kazi ya kumpandisha ni ya seremala mkongwe kuliko wote.

Sasa mkongwe pale alikuwa Urpo, na balaa ndipo lilipokaa.

Jengo lenyewe ofisi mpya za wizara. Mbele vioo, nyuma mawe ya kijivu, kubwa hivi kwamba ukikohoa mlangoni ghorofa ya juu inakujibu. Lilikuwa jengo la mwisho la Urpo kabla ya kustaafu. Majumba ya serikali aliyajenga tangu nywele zake zikiwa bado na rangi ya nyasi kavu, na baba yake kabla yake, na kila paa walilolisimamisha walikula supu yake. Kwa Urpo, nyumba isiyoliwa supu na walioijenga ni yatima, hata akae humo waziri.

Safari hii wizara ikasema hakuna karamu, matumizi yanabanwa. Wakubwa watakunywa mvinyo wao siku ya kufungua. Mafundi watapewa kofia, zenye nembo ya wizara. Na aliyesimama mbele yao kuyasema hayo, kavaa helmeti nyeupe isiyo hata na mkwaruzo, ni Jalmari, msimamizi wa majengo wa wizara, mtoto wa pekee wa Urpo.

Tauno, fundi ambaye ulimi wake haujawahi kulala njaa, akauliza kama kofia hizo zinaliwa na haradali kama supu ya paa. Mafundi wakacheka kwa upande mmoja wa mdomo. Jalmari hakumtazama Tauno. Hakumtazama hata baba yake.

Jioni Urpo akampigia mwanawe simu. Alisema naye polepole, kama mtu anayemlisha mgonjwa: supu ya njegere, mkate mweusi, kahawa, basi, nani ameomba mvinyo? Jalmari akajibu kwamba hayo mambo ya zamani, kwamba kuna taratibu, kwamba wakubwa wanamwangalia. Kisha likamtoka neno ambalo lingelala tumboni lingekuwa salama.

"Baba, wewe unalipwa kujenga. Hujaalikwa."

Huyo ndiye aliyekuwa utotoni akibebwa mabegani mwa baba yake kwenda kula supu za paa, akilamba haradali kidoleni.

Asubuhi Urpo alikuta wenzake wameshamfunga mtu wa nyasi. Hakuwa na sura, gunia tu. Tauno akamvuta kando.

"Mzee, huyu niachie mimi. Mtu hamtundiki mwanawe, hata wa nyasi."

Wengine wakatazama viatu vyao. Walishamsamehe kabla hajaomba, na neno moja tu la kukubali lingetosha. Urpo akafungua begi lake, akatoa skafu ya bluu ya sufu. Marehemu mkewe ndiye aliyeifuma, na Jalmari aliisahau nyumbani kwa baba yake msimu wa baridi uliopita. Akamfunga yule wa nyasi shingoni, akaikaza vizuri, kama unavyomfunga mtoto anayekwenda shule. Akapanda naye.

Picha ikatembea mji mzima. Wakubwa wakaona haya, na siku ya pili tu amri ikashuka: mafundi walishwe. Meza ndefu zikapangwa kwenye ukumbi wa mapokezi, masufuria yakaja na gari, na kwenye gari yupo Jalmari. Mafundi walikuwa wameshasikia kwamba usimamizi wa jengo amenyang'anywa, amepewa mwingine. Lakini desturi ni desturi: chakula kikifika, aliyetundikwa humshusha mwenyewe yule wa nyasi. Jalmari akapanda ngazi zote, akarudi na skafu mkononi, nyasi zimenasa kwenye sufu.

Akasimama mbele ya baba yake.

"Gunia halikuwa na sura. Lingekuwa mtu yeyote. Wewe ndiye uliyemchukua mama ukanifunga naye shingoni."

Urpo alikuwa na jibu, alikuwa amelitafuna tangu juzi: kwamba aliyetundikwa ni mwenye nyumba, si mtoto. Akaziangalia zile nyasi.

"Supu inapoa," akasema.

Tauno akasogea, akaacha nafasi kando ya kiti cha Urpo. Jalmari akaipita, akaenda kukaa mwisho wa meza, skafu mapajani, akizichomoa nyasi moja moja. Haradali ikapitishwa mkono kwa mkono mpaka ikamfikia, akaipitisha bila kuionja. Mafundi wakavua helmeti, vijiko vikaingia kwenye supu, na Urpo naye akakaa, akala.